Kuwaokoa na kuwalinda tembo wa Asia: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Msomaji wa Afrika Mashariki hahitaji kuelezwa ukubwa wa tembo, wala hasara ambayo kundi lake linaweza kuleta shambani kwa usiku mmoja. Hata hivyo, tembo wa Asia ameishi na binadamu kwa namna tofauti na tembo wa Tsavo au Ruaha, na mengi tunayodhani tunayajua kumhusu tumeyachukua kwa huyu wa kwetu. Majibu yafuatayo yanaanzia hapo. Neno tembo limetumika kote. Aliyezoea kusema ndovu asome ndovu.

Tembo wa Asia anatofautianaje na tembo wa Afrika?

Ni spishi nyingine kabisa. Kisayansi huitwa Elephas maximus, na vipimo vya DNA vimeonyesha kwamba undugu wake na mamothi, yule mnyama wa manyoya aliyetoweka zamani, ni wa karibu zaidi kuliko undugu wake na tembo wa Afrika. Ukimtazama utaona masikio madogo, mgongo uliobinuka kwenda juu, utosi wenye vinundu viwili, na ncha ya mkonga yenye kidole kimoja badala ya viwili. Jike hana pembe zinazoonekana kwa mbali, na hata miongoni mwa madume wapo wasio na pembe, ambao nchini India huitwa makhna. Suala hili la pembe lina uzito kuliko linavyoonekana, kama itakavyoelezwa chini.

Wamebaki wangapi, na wanaishi wapi?

Walio porini hukadiriwa kuwa chini ya 50,000 katika nchi 13, kuanzia India na Nepal hadi kisiwa cha Borneo. Zamani walienea kutoka bonde la Mto Frati hadi ndani kabisa ya China. Leo China ina takriban 300 tu, wote katika jimbo la Yunnan, na Vietnam wamebaki pungufu ya 200.

Takriban nusu ya tembo wote wa Asia wako India. Hesabu iliyotangazwa huko mwaka 2025, ambayo kwa mara ya kwanza ilitumia DNA iliyopatikana kwenye mavi ya tembo, ilitoa makadirio ya 22,446. Wengi walikimbilia kuilinganisha na hesabu ya mwaka 2017, iliyozidi 27,000, wakasema tembo wamepungua kwa maelfu. Si sahihi kulinganisha hivyo, kwa sababu mbinu za kuhesabu hazikuwa zilezile.

Shirika la Kimataifa la Uhifadhi wa Maumbile, IUCN, limemweka tembo wa Asia katika kundi la viumbe walio hatarini kutoweka tangu mwaka 1986. Tembo wa Sumatra waliwekwa mwaka 2011 katika daraja la hatari kubwa zaidi, ambalo ni la mwisho kabla ya kutoweka porini. Wale wa Borneo, ambao idadi yao ni kama 1,000, walitathminiwa peke yao kwa mara ya kwanza mwaka 2024 na kukutwa nao wako hatarini.

Je, adui yao mkubwa ni majangili wa pembe, kama ilivyo kwetu?

Hapana. Swali hili huulizwa kuliko mengine yote, na jibu lake ndilo linalotofautisha uhifadhi wa huko na wa huku. Adui mkubwa wa tembo wa Asia ni kupotea kwa ardhi. Bara hilo lina watu wengi mno, na msitu uliokuwa umeungana miaka mia moja iliyopita leo umebaki vipande vipande, kati yake kukiwa na mashamba ya chai, mpunga na miwa, migodi, mabwawa, reli na barabara kuu. Tembo anahitaji hadi kilo 150 za chakula kwa siku na hawezi kukipata chote mahali pamoja, hivyo ni lazima atembee, na kila anapotembea hukuta kipande kingine kimekatwa.

Sumatra ndiyo mfano mchungu kuliko yote. Katika muda wa takriban miaka 25, tembo wa kisiwa hicho walipoteza karibu asilimia 70 ya makazi yao, hasa kwa sababu ya mashamba ya michikichi na ya miti ya karatasi. Hifadhi ya Taifa ya Tesso Nilo katika jimbo la Riau ilitangazwa mwaka 2004 kwa kusudi la kuwalinda tembo, lakini sehemu kubwa ya msitu wake iligeuzwa mashamba ya michikichi licha ya tangazo hilo. Mchikichi wenyewe, kama anavyojua kila mtu wa Kigoma, asili yake ni Afrika na hauna kosa lolote; kosa ni kufyeka msitu mzima na kupanda mti mmoja hadi upeo wa macho.

Hata hivyo, ujangili upo na una madhara ya aina yake. Kwa kuwa madume pekee ndiyo yenye pembe, jangili huua dume na kuacha jike. Katika hifadhi ya Periyar, jimbo la Kerala, ujangili wa miaka ya 1970 na 1980 uliacha takriban dume mmoja mkubwa kwa kila majike 100. Mtu aliyehesabu vichwa tu angeweza kusema tembo bado ni wengi, kumbe kizazi kijacho kilikuwa kimekwisha kuuawa. Nchini Myanmar, katika muongo uliopita, yalizuka mauaji ya kutafuta ngozi, inayouzwa kama dawa na kutengenezewa shanga, na jangili wa ngozi habagui dume, jike wala ndama.

Kwa nini tembo huingia mashambani? Je, ni kwa sababu ya njaa tu?

Njaa ni sehemu ya jibu. Sehemu nyingine ni kumbukumbu. Makundi ya tembo huongozwa na majike wakubwa ambao hukumbuka njia na vyanzo vya maji kwa miongo mingi, na shamba likiwekwa juu ya njia hiyo, tembo hupita palepale alipopita mama yake. Mkulima anaona amevamiwa, wakati tembo yuko kwenye njia yake ya kila mwaka. Zaidi ya hayo, mpunga na miwa ni chakula kitamu chenye nguvu nyingi kikiwa mahali pamoja, na dume aliyekwisha kuonja si rahisi kumrudisha kwenye majani makavu.

Njia hizo ndizo tunazoziita shoroba. Serikali ya India ilitambua shoroba 150 za tembo katika ripoti yake ya mwaka 2023. Baadhi zina upana wa mamia machache ya mita tu, na ukijengwa ukuta au hoteli mahali pamoja, misitu miwili mikubwa hutengana moja kwa moja. Mwandishi wa majibu haya anaamini kwamba fedha inayotumika kununua au kulinda ukanda mwembamba wa ardhi wa aina hiyo huokoa tembo wengi kuliko fedha nyingine yoyote, ingawa picha ya ukanda wa vichaka haimgusi mtu kama picha ya ndama aliyelia.

Watu wanaouawa na tembo je? Hamwajali?

Tunawajali, na yeyote anayezungumzia kulinda tembo bila kuanza na watu hawa hastahili kusikilizwa. Nchini India, takriban watu 500 hufa kila mwaka kwa sababu ya tembo, na tembo wapatao 100 huuawa katika migongano hiyo. Sri Lanka ni kisiwa kidogo chenye maelfu ya tembo, ambao hupita katika karibu asilimia 60 ya nchi, na sehemu kubwa ya eneo hilo ina vijiji. Katika mwaka 2023 pekee, zaidi ya tembo 400 na zaidi ya watu 100 walikufa huko. Wengi wa wanaokufa ni maskini: mlinzi wa shamba anayelala kwenye dungu, mama anayekwenda kuteka maji kabla ya mapambazuko, mtoto anayerudi kutoka shule.

Mfano mmoja unastahili kuelezwa kwa urefu. Mwaka 2017, wakimbizi wa Rohingya zaidi ya laki sita walivuka kutoka Myanmar kuingia Bangladesh katika muda wa miezi michache, na kambi ya Kutupalong ikapanuka juu ya ushoroba ambao tembo walikuwa wakiutumia kwenda na kurudi kati ya nchi hizo mbili. Tembo walipoendelea kufuata njia yao usiku, walijikuta katikati ya vibanda vya maturubai, na zaidi ya wakimbizi 10 waliuawa. Shirika la UNHCR pamoja na IUCN yaliunda vikundi vya kujitolea vya wakimbizi wenyewe, yakajenga minara ya ulinzi pembezoni mwa kambi, na kuwafundisha watu namna ya kumrudisha tembo polepole bila kumtia hofu wala kumzunguka. Vifo kambini vilikoma. Watu waliopoteza kila kitu walijifunza kulinda majirani zao na tembo kwa wakati mmoja, na walifanya hivyo usiku baada ya usiku.

Kwa nini tembo wasumbufu wasihamishwe tu kwenda hifadhi za mbali?

Imejaribiwa mara nyingi. Nchini Sri Lanka, watafiti waliwavisha madume 12 waliohamishwa kola za kufuatilia mienendo, na matokeo, yaliyochapishwa mwaka 2012, yalionyesha kwamba baadhi yao walirudi walikotoka, wengine walitangatanga katika maeneo wasiyoyajua, na walioishi karibu na walikopelekwa waliendelea kuingia vijijini. Kwa jumla migongano ilisambaa badala ya kupungua. Kuhamisha huonekana kama hatua ya haraka mbele ya kamera na mbele ya wapiga kura, ndiyo maana huendelea kutumika, lakini mara nyingi huhamisha tatizo pamoja na tembo mwenyewe.

Ndama akipotea au mama yake akiuawa, hufanyiwa nini?

Kwanza hujaribiwa kurudishwa kundini, kwa kuwa hakuna mlezi anayelingana na kundi. Ikishindikana, hupelekwa kituoni. Kituo kinachostahili kusomwa na kila mwenye nia ya kazi hii ni kile cha Udawalawe, kusini mwa Sri Lanka, kilichoanzishwa na idara ya wanyamapori mwaka 1995. Ndama hupewa maziwa kila baada ya saa chache, usiku na mchana, lakini wafanyakazi hawachezi nao wala hawawapi majina ya kuwaitia wageni, na watalii huwatazama kwa mbali wakati wa kunyonya tu. Muda mwingine wote yatima hao hukaa wenyewe kwa wenyewe wakijifunza kuwa tembo. Wakifikia umri wa takriban miaka mitano huachiwa kwa makundi katika hifadhi, baadhi yao wakiwa na kola. Zaidi ya 100 wamekwisha kuachiwa, na miongoni mwa majike wapo waliozaa porini.

Kituo kingine cha nchi hiyohiyo, Pinnawala, kilichoanzishwa mwaka 1975, hukaa na tembo wake maisha yao yote na kuwazalisha. Vituo hivyo viwili huitwa vya yatima, lakini kimoja ni njia ya kurudi porini na kingine si hivyo. Katika jimbo la Assam, karibu na hifadhi ya Kaziranga, kipo kituo cha tangu mwaka 2002 ambacho huwapokea ndama waliosombwa na mafuriko ya Brahmaputra na kuwarudisha porini katika hifadhi ya Manas.

Wasomaji wa Kenya watakumbuka kazi ya Daphne Sheldrick jijini Nairobi, ambaye baada ya miaka mingi ya kuzika ndama aligundua kwamba hawastahimili mafuta ya maziwa ya ng'ombe, na kwamba mafuta ya nazi ndiyo yanayokaribia yale ya mama yao. Ujuzi wa kulea ndama bila kumpoteza ulipatikana kwa machozi, na Afrika Mashariki ina sehemu yake katika ujuzi huo.

Je, tembo aliyeishi kwenye minyororo anaweza kurudi porini?

Mara chache. Takriban tembo 15,000 wa Asia wanaishi mikononi mwa binadamu, kiasi ambacho hakina mfano kwa tembo wa Afrika. Kwa karne nyingi wamevuta magogo, wamebeba wafalme na kushiriki ibada. Mwaka 1989 Thailand ilipiga marufuku ukataji wa magogo katika misitu ya asili, baada ya mafuriko na maporomoko ya ardhi yaliyoua watu mamia kusini mwa nchi mwishoni mwa mwaka uliotangulia. Uamuzi huo uliokoa misitu, lakini uliwaacha tembo wa magogo na walezi wao, mahauti, bila kazi kwa siku moja. Wengi walihamia mijini kuombaomba barabarani, kisha kwenye kambi za watalii. Tembo wa namna hii akiachiwa ghafla msituni huenda akaelekea kijiji cha kwanza atakachokiona, kwa sababu binadamu ndiye aliyemzoea.

Lengo kwao, basi, ni maisha yanayokaribia ya porini: nafasi, maji, kivuli na tembo wenzao. Kaavan, tembo dume, alipelekwa Pakistan kutoka Sri Lanka mwaka 1985 akiwa mdogo, akaishi katika bustani ya wanyama ya Islamabad, na mwenzake wa pekee, Saheli, alipokufa mwaka 2012, alibaki peke yake akitikisa kichwa kutoka upande hadi upande kwa saa nyingi. Mwezi Mei 2020 Mahakama Kuu ya Islamabad iliamuru aachiliwe. Daktari wa mifugo mzaliwa wa Misri, Amir Khalil wa shirika la Four Paws, alikaa naye kwa miezi akimpunguza uzito na kumzoesha kuingia mwenyewe ndani ya sanduku la chuma. Mwishoni mwa Novemba alipakiwa kwenye ndege ya mizigo hadi Cambodia. Siku chache baadaye, kupitia uzio, aligusana mkonga na tembo mwingine kwa mara ya kwanza baada ya miaka minane.

Kuna ubaya gani kupanda tembo mgongoni?

Uti wa mgongo wake haukuumbwa kubeba kiti cha chuma na watu wawili kutwa nzima, lakini ubaya mkubwa hutangulia kabla ya safari. Tembo hakubali kupandwa na mgeni hadi avunjwe moyo akiwa mdogo, kwa kutengwa na mama yake, kufungwa kamba na kupigwa. Nchini Thailand desturi hiyo huitwa phajaan. Anayeona tembo mtulivu anayechora picha kwa mkonga anaona matokeo ya adhabu hiyo.

Ni kweli kwamba kuna hospitali ya tembo?

Ni kweli. Ya kwanza duniani ilifunguliwa mwaka 1993 huko Lampang, kaskazini mwa Thailand. Motala, jike aliyekanyaga bomu la ardhini karibu na mpaka wa Myanmar mwaka 1999, alitibiwa hapo na baadaye kutengenezewa mguu wa bandia, kama ilivyokuwa kwa Mosha, aliyejeruhiwa mwaka 2006 akiwa na umri wa miezi saba tu. Kwa kuwa Mosha aliendelea kukua, mguu wake ulibidi kubadilishwa mara kwa mara.

Ni mbinu zipi za kupunguza migongano ambazo zimefaulu?

Zile zinazoendeshwa na wanakijiji wenyewe. Katika uwanda wa Valparai, jimbo la Tamil Nadu, wakazi takriban 70,000 wanaishi katikati ya mashamba ya chai ambamo tembo hupita. Tangu mwaka 2011 watu hupokea ujumbe wa simu kila tembo wanapokaribia, na taa nyekundu zilizowekwa mahali pa juu huwashwa na wakazi kwa simu ya mkononi ili anayerudi kazini gizani ajue asipite. Vifo vilipungua sana, kwa kuwa wengi walikuwa wakifa kwa kukutana na tembo bila kutarajia.

Sri Lanka nako, badala ya kuwafungia tembo ndani ya hifadhi, baadhi ya vijiji huzungushia uzio wa umeme mdogo mashamba ya mpunga wakati wa msimu, na kuuondoa baada ya mavuno ili tembo wale mabua. Uzio huu usichanganywe na nyaya zinazounganishwa kinyemela na umeme mkubwa, ambazo huua tembo wengi India kila mwaka, na wakati mwingine humuua mwenye shamba.

Mbinu ya mizinga ya nyuki ilitoka kwetu. Mtafiti Lucy King aliiendeleza Kenya, ikiwa ni pamoja na vijiji vya Sagalla karibu na Tsavo Mashariki, na baadaye majaribio yakafanywa Sri Lanka, Thailand na India. Tembo wa Asia nao hujiondoa wakisikia mvumo wa nyuki, ingawa nyuki wa huko ni wapole kuliko wa kwetu, na kwa hiyo uzio wao hautishi kiasi kilekile.

Sheria inasemaje?

Biashara ya kimataifa ya tembo wa Asia na viungo vyake imepigwa marufuku chini ya mkataba wa CITES tangu mwaka 1975, miaka kumi na minne kabla ya kura iliyomlinda tembo wa Afrika. India humlinda kwa sheria ya mwaka 1972 na imekuwa na mradi maalumu wa taifa wa tembo tangu mwaka 1992. Sheria hazipungui; kinachopungua ni ujasiri wa kuzuia barabara au mgodi unaokatiza ushoroba.

Mtu wa Dar es Salaam au Mombasa anahusikaje na haya?

Sehemu kubwa ya mafuta ya kupikia tunayonunua ni ya mawese kutoka Indonesia na Malaysia, hivyo msitu wa Sumatra umo katika kikaango chetu, na muagizaji anaweza kuulizwa mafuta yake yanatoka shamba gani. Pia tembo wanne waliokamatwa porini Tanzania wakiwa wadogo walipelekwa Karachi, nchini Pakistan, miaka zaidi ya kumi iliyopita. Mmoja wao, Noor Jehan, alikufa Aprili 2023 baada ya kuugua hadharani kwa miezi. Nchi iliyomfunga Kaavan ilijua pia njia ya kuja kwetu.

Nikitaka kuchangia kituo au kukitembelea, niulize nini?

Uliza tembo wake walitoka wapi, na kama kituo huwazalisha, kwa sababu kisichoweza kuwarudisha ndama porini hakina haja ya kuzaa wengine wa kufungwa. Uliza kama wageni huwapanda, huwaogesha au huwalisha kwa mkono. Uliza mahauti wanalipwa kiasi gani na wanalala wapi, maana mlezi mwenye njaa hana subira na mnyama wa tani nne. Mwisho uliza minyororo hufungwa saa ngapi usiku na kufunguliwa saa ngapi asubuhi. Kituo chenye nia njema hukujibu swali hilo bila kukasirika.